Bwana Afya Haji kwa Kelele: Jinsi ya Kuitumia Idara ya Afya ya Manispaa Yako Dar es Salaam

Masika yakikolea, kuna sauti ya usiku ambayo watu wa uswahilini Dar es Salaam wanaijua hata wakiwa kitandani: nondo inagonga zege. Mtu anafunua chemba. Mvua inapiga, mtaro umejaa unakwenda mbio, naye kaona hiyo ndiyo nafasi ya kukitapisha choo bila kulipia gari la majitaka. Kukikucha uwanja unanuka, watoto wa shule wanaruka madimbwi wameshika viatu mkononi, na mama wa genge anamwaga majivu mbele ya meza yake ya nyanya. Nyumba iliyofanya inajulikana. Hakuna anayesema.

Niliwahi kupanga jirani na choo cha namna hiyo kwa misimu miwili ya mvua. Msimu wa kwanza tulilalamika barazani. Wa pili tuliandika barua ya ukurasa mmoja, tukaweka sahihi nyumba sita, na siku ya kumi na moja bwana afya akaja na kitabu chake cha notisi. Ofisi ilikuwa ileile miaka yote miwili. Msimu wa kwanza hakuna aliyeipa karatasi ya kufanyia kazi.

Mwongozo huu ni wa mkazi wa kawaida: mpangaji, mwenye nyumba, mama lishe, mzazi mwenye mtoto wa kliniki. Umeandikwa kwa kuangalia Dar es Salaam, ingawa halmashauri nyingine za miji Tanzania zina ngazi hizohizo.

KWANZA, IJUE OFISI

Ukimwambia mtu "afya ya manispaa" anafikiria zahanati, foleni na dirisha la dawa. Hiyo ni nusu. Nusu ya pili haikai hospitalini: inakagua visima, machinjio, nyumba za wageni na migahawa, inapita kwenye vyoo vya shule, inasaka mahali mbu wanapozaliana, na inafuatilia ugonjwa umetokea nyumba gani kabla haujafika ya pili. Kazi hii ikifanywa vizuri haionekani. Hakuna anayekwenda kumshukuru bwana afya kwa kipindupindu ambacho hakukipata.

Nguvu za ofisi hii zinatoka kwenye Sheria ya Afya ya Jamii ya 2009 pamoja na sheria ndogo za halmashauri. Afisa afya ana mamlaka ya kukagua eneo, kutoa notisi ya kuondoa kero kwa muda maalumu, na kumfikisha mahakamani anayekaidi. Ukimwita kama unayemwomba hisani, utakata tamaa mapema. Unamkumbusha kazi yake tu.

Hakikisha pia unagonga mlango wa halmashauri yako. Mwaka 2016 manispaa za Ubungo na Kigamboni zilimegwa kutoka Kinondoni na Temeke, na mwaka 2021 iliyokuwa Manispaa ya Ilala ikawa Halmashauri ya Jiji la Dar es Salaam. Mkazi wa Kimara yuko Ubungo, hata kama karatasi za zamani za kiwanja chake bado zinasema Kinondoni. Barua iliyokwenda halmashauri isiyo yako inaweza kulala masjala hadi mvua zikakatika.

KISANDUKU: NANI NI NANI

• Mwenyekiti wa serikali ya mtaa: amechaguliwa na wakazi. Anasuluhisha, anaitisha mkutano, anakufahamu kwa sura.
• Mtendaji wa mtaa: ni mwajiriwa wa halmashauri. Barua yako ya kwanza inaanzia kwake.
• Mhudumu wa afya ngazi ya jamii: anapita nyumba kwa nyumba. Mara nyingi ni jirani yako mwenyewe, anajua mtoto gani hajachanjwa.
• Afisa afya wa kata, yaani bwana afya au bibi afya: ndiye mwenye mamlaka ya kukagua na kutoa notisi.
• Mganga mfawidhi: mkuu wa zahanati au kituo cha afya. Malalamiko ya huduma yanaanzia kwake, kisha kamati ya usimamizi ya kituo, ambayo ndani yake wamo wawakilishi wa wananchi.
• Mganga Mkuu wa halmashauri: anasimamia afya yote ya halmashauri, vituo na maafisa afya.
• Diwani: anaweza kuliuliza jambo lako kwenye kikao cha halmashauri, na maswali ya kikaoni huandikwa.

KUIPELEKA KERO MPAKA ITATULIWE

Kero hapa ni kitu chochote kinachohatarisha afya ya wengine: choo kinachotapishwa, karo linalofurika, taka zinazotupwa mtaroni, kisima kilichoachwa wazi, banda la nguruwe lililobanana na madirisha ya watu, bucha inayomwaga damu njiani. Fuata hatua hizi kwa mpangilio. Ukiruka moja, utarudishwa kwenye hiyohiyo.

1. Ongea na mwenye jambo, ukiwa na mtu wa pili. Nenda mchana, amkia kama kawaida, sema unachokiona. Wapo ambao hawakujua kwamba karo lao limepasuka chini kwa chini. Ukishindwa kuelewana naye, angalau barua yako itaweza kusema kweli kwamba alielezwa.

2. Piga picha na uandike tarehe. Piga kitu chenyewe pamoja na alama ya mahali, ukutani au kwenye nguzo ya umeme. Usipige picha watu, wala usiirushe picha kwenye kundi la WhatsApp la mtaa. Ikishasambaa, choo kinageuka ugomvi wa familia mbili na bwana afya atakuta watu wanatukanana.

3. Mwambie mwenyekiti au mjumbe. Mpe siku chache. Mitaa mingi jambo huishia hapa.

4. Andika barua kwa mtendaji wa mtaa, nakala kwa afisa afya wa kata. Mfano uko chini. Chapa au andika kwa mkono, haina tofauti. Toa nakala mbili.

5. Gongesha muhuri. Hatua hii watu huionea aibu. Karani atakuambia, "Acha tu hapo mezani, mama, nitampa." Mjibu kwa upole: "Ahsante kaka, naomba unigongee muhuri na tarehe kwenye nakala yangu." Nakala yenye muhuri wa kupokelewa ndiyo inayokupa haki ya kurudi wiki ijayo na kuuliza imefikia wapi.

6. Kuwepo siku ya ukaguzi. Bwana afya akija akakuta milango imefungwa na uwanja umekauka, ataandika alichokiona: hakuna kitu. Mwachie namba ya simu ya mtu anayeshinda nyumbani.

7. Uliza notisi ina siku ngapi. Akishatoa notisi, jua muda wake unaisha lini. Siku hiyo ikipita na kero ipo palepale, rudi ofisini na picha mpya. Kesi nyingi hufia kwenye hatua hii: watu waliona notisi imebandikwa wakadhani mambo yamekwisha.

8. Panda ngazi kwa nakala ileile. Ukikaa muda wa kutosha bila jibu, peleka kwa mtendaji wa kata, kisha kwa Mkurugenzi wa halmashauri ukimtaja Mganga Mkuu. Ambatanisha nakala yenye muhuri. Hapo ndipo utaona kwa nini tulipoteza dakika kumi kwa karani.

KISANDUKU: BARUA YENYEWE

Mtendaji wa Mtaa,
Mtaa wa ……, Kata ya ……
Tarehe ……

YAH: KERO YA CHOO KINACHOTIRIRISHA MAJITAKA

Sisi wakazi wa nyumba zilizotajwa hapa chini tunaomba ukaguzi wa choo cha nyumba iliyoko …… (andika anwani ya makazi, kama haipo, eleza alama: nyuma ya msikiti, mkabala na kisima cha shule). Tangu tarehe …… majitaka yanatoka kwenye chemba na kupita kwenye njia inayotumiwa na watoto, umbali wa hatua …… kutoka kisima cha …… Yametoka siku zifuatazo: …… Tuliongea na mwenye nyumba tarehe ……, na mwenyekiti tarehe …… Tunaomba afisa afya wa kata akague na kuchukua hatua.

Majina, namba za nyumba, sahihi, simu ya mmoja wetu.

Nakala: Afisa Afya wa Kata ya ……

Angalia kilichokosekana kwenye barua hiyo. Hakuna "huyu mtu ana dharau", hakuna historia ya kiwanja, hakuna nani kamroga nani. Umbali wa kisima una uzito kuliko hasira yote, kwa sababu choo kinachovuja karibu na maji ya kunywa ni jambo ambalo afisa afya hawezi kuliacha kwenye faili.

Mpangaji ana tatizo lake. Ukimshtaki mwenye nyumba wako peke yako, kodi inaweza kupanda mwezi ujao bila sababu kutajwa. Ndiyo maana barua ya nyumba kadhaa ni bora. Na kama nyumba yenye kero ndiyo unayopanga, unaweza kwenda kwa bwana afya ukamweleza ana kwa ana na kumwomba aifanye kuwa ukaguzi wa kawaida wa mtaa mzima. Wengi wao ni waelewa, nao pia wamewahi kupanga.

Tahadhari ya fedha. Faini au ada yoyote halali ya halmashauri inalipwa kwa kumbukumbu namba ya malipo, ile tunayoiita kontroli namba, na stakabadhi inatoka. Mtu akikuambia "tumalizane hapahapa", mwombe kitambulisho na kontroli namba. Akisisitiza, namba ya bure ya TAKUKURU, taasisi ya kuzuia rushwa, ni 113.

Neno kwa upande wa pili, maana huenda wewe ndiye mwenye choo kilichojaa. Gari kubwa la majitaka haliingii vichochoro vyetu, na kwa hiyo mtu anaita vyura, vijana wanaoshuka shimoni kwa mikono. Ni kazi ya hatari kubwa: gesi ya choo inaweza kumuua mtu kabla hajapiga kelele. Muulize bwana afya kuhusu vikundi vinavyonyonya kwa pampu na kubeba kwa vyombo vya magurudumu matatu. Vipo jijini. Muulize na anayenyonya anakwenda kumwaga wapi. Kama jibu lake si mabwawa ya majitaka, umelipa pesa kuhamishia kero mtaa mwingine.

KUHARISHA KUKIINGIA NYUMBANI

Agosti 2015 kipindupindu kilianza Dar es Salaam, kikatoka hapo kikaenda mikoani, na mpaka kilipotulia kilikuwa kimewapata watu zaidi ya 20,000 nchini. Ugonjwa huu una kasi. Dalili zinaweza kuanza saa chache hadi siku tano tangu mtu ale au anywe kilichochafuka, na mtu mzima mwenye nguvu zake anaweza kufa siku hiyohiyo kwa kuishiwa maji. Lakini akianza kurudishiwa maji mapema, wengi mno hupona. Kinachoua ni kuchelewa, na kuchelewa mara nyingi ni kwa aibu.

Ukiona mtu anaharisha maji meupe kama yaliyooshewa mchele, mara nyingi mfululizo:

1. Anza ORS papo hapo, nyumbani. Pakiti moja kwa lita moja ya maji safi, isipungue wala isizidi. Chupa mbili za nusu lita zinatosha kupimia. Kama pakiti hakuna, tumia lita moja ya maji safi, sukari vijiko vya chai 6 vya kufuta na chumvi nusu kijiko cha chai cha kufuta. Chumvi ikizidi ni hatari kwa mtoto.
2. Mpe kidogokidogo. Akitapika, subiri dakika kumi uendelee kwa kijiko. Mtoto wa chini ya miaka miwili apate kama mililita 50 hadi 100 kila baada ya kuharisha. Anayenyonya aendelee kunyonya.
3. Mpeleke kituoni huku akinywa. Usisubiri "tuone kama itakata". Usimpe dawa ya kufunga kuhara.
4. Mimina dawa ya klorini palipochafuka. Ukitumia jiki yenye nguvu ya asilimia 3.5 (soma chupa), kikombe kimoja kwa vikombe sita vya maji. Acha ikae kabla ya kufuta. Nguo usizifulie karibu na kisima.
5. Mchanganyiko wa ORS uliokaa saa 24 umwage, tengeneza mwingine.

Mtoto anayeharisha, hata kama si kipindupindu, muulizie mhudumu vidonge vya zinki, vinavyotolewa siku 10 hadi 14. Wazazi wengi huviacha mtoto anapopata nafuu siku ya tatu. Maliza vyote.

Dalili za kukimbia bila kusubiri foleni: macho yameingia ndani, ngozi ya tumbo ukiifinya inachelewa kurudi, hakojoi, amelegea, hawezi kunywa, au kuna damu kwenye choo.

Sasa, swali la dirishani ambalo watu hulijibu ovyo: "Unaishi wapi?" Si swali la kujaza fomu tu. Jibu hilo ndilo linalompeleka bwana afya kwenye kisima, kwenye choo na kwa majirani zako saa chache baadaye. Mgonjwa akitoka Tandale akasema Sinza, kwa sababu Sinza inasikika vizuri, au akataja kwa shangazi yake alikolala jana, timu inakwenda kupulizia dawa na kupima maji mahali ambapo hakuna tatizo, huku kisima chenye vimelea kinaendelea kuchotwa. Taja mtaa, shina na maji unayochota. Taja na msiba au sherehe uliyokula wiki hiyo.

Timu ikija nyumbani, wape nafasi. Msiba wa kipindupindu nao una taratibu zake: mwili unaandaliwa na kuzikwa chini ya usimamizi wa maafisa afya, na shughuli ya kupika na kula pamoja inazuiwa. Inauma, najua. Zungumza nao mapema kuhusu sala na ndugu wachache watakaoshiriki. Mambo hayo huzungumzika.

Kuhusu maji, niseme wazi ninavyoona mimi. Mwongozo wa kawaida unataka mita 30 kati ya choo na kisima. Kwenye viwanja vyetu vya uswahilini mita 30 ni nyumba tatu na vyoo vitatu. Kwa hiyo chukulia kila kisima kifupi kuwa kimechafuka, hata kama maji yake yanang'aa. Chemsha mpaka yatokote kabisa yakichemka kwa dakika moja au zaidi, au tia dawa ya klorini kwa kipimo cha lebo na usubiri dakika 30. Hifadhi kwenye chombo chenye mfuniko na koki. Kata au jagi linalozamishwa na kila mkono linaharibu kazi yote.

KADI YA KLINIKI

Chanjo za ratiba ni bure kwenye vituo vya serikali. Mtoto anaanza anapozaliwa, kisha wiki ya 6, ya 10 na ya 14, halafu miezi 9 na miezi 18 kwa surua na rubela. Wazazi wa mjini huikosa zaidi ile ya miezi 18: mtoto ameshatembea, mama amerudi kazini, kadi iko kijijini.

• Usipoteze kadi. Ipige picha kila baada ya chanjo.
• Umechelewa? Nenda. Dozi hazianzi upya, zinaendelea pale zilipoishia. Ukigombezwa, vumilia dakika mbili, mtoto achanjwe.
• Umehamia mtaa mwingine? Kadi inafanya kazi kituo chochote.
• Mafua madogo si sababu ya kuahirisha. Mwache mhudumu aamue.
• Msichana wa miaka 9 hadi 14 ana chanjo ya kukinga saratani ya mlango wa kizazi. Muulize mwalimu au kituo.

"Njoo Jumatano" inakera, lakini ina sababu. Chupa ya chanjo ya surua au ya kifua kikuu ina dozi za watoto kadhaa, na ikishafunguliwa inatakiwa kutumika ndani ya saa sita, inayobaki inamwagwa. Nesi hafungui chupa kwa mtoto mmoja kama kuna siku wanakuja kumi. Unachotakiwa kufanya ni kuuliza siku hiyo ni ipi kabla hujapanda daladala.

Kwa mama mjamzito au mtoto mchanga mwenye dharura, namba ya bure ya usafiri wa m-mama ni 115. Kwa maswali ya afya ya jumla, Wizara ya Afya inapokea simu bure kwenye 199.

KWA MAMA LISHE NA WENYE MIGAHAWA

Watu hujificha bwana afya akipita. Sufuria zinafunikwa kanga, mwenye banda anakuwa "ametoka kidogo". Mimi nadhani ni hasara, kwa sababu ukaguzi wa kwanza ukiuomba mwenyewe kwa kawaida unaishia kwenye maelekezo, na ule wa kushtukiza unaishia kwenye faini.

Atakachotazama ni vitu vichache:

• Wahudumu wamepima afya. Anayeshika chakula anapaswa kupimwa kila baada ya miezi sita na kuwa na cheti cha kupima. Weka vyeti pamoja kwenye bahasha, si kimoja kwa Asha na kingine kwa mama yake.
• Maji ya kunawa yanatiririka. Beseni moja la maji ya uvuguvugu linalozungushwa kwa wateja ishirini ni bwawa la vimelea. Ndoo yenye koki, sabuni, na beseni la kupokea chini.
• Chakula cha moto kiko moto kweli. Wali wa saa tano uliokaa vuguvugu mpaka saa kumi unaweza kumtapisha mtu hata ukipashwa tena, maana sumu ya baadhi ya bakteria haiharibiki kwa kupasha. Pika mara mbili kidogo kuliko sufuria moja kubwa.
• Kachumbari imeoshwa kwa maji salama. Wakati wa mlipuko hiki ndicho chakula cha kwanza kupigwa marufuku, pamoja na matunda yaliyomenywa. Usibishane, badilisha menyu kwa muda.
• Kuna choo kinachofikika na chombo cha taka chenye mfuniko.

Mhudumu anayeharisha akae nyumbani, na ujue jinsi ya kumlipa siku hiyo. Usipomlipa atakuja kazini na kukuficha.

MBU WA MCHANA

Dar es Salaam ilipata milipuko ya dengue mwaka 2014 na 2019. Mbu wake, mwenye madoa meupe miguuni, anauma mchana, na hazai kwenye mtaro unaonuka. Anapenda maji safi yaliyotulia: pipa la akiba, tairi kuukuu, kifuu cha nazi, kisahani chini ya ua. Mayai yake yanaweza kukaa makavu kwa miezi kwenye ukuta wa chombo, yakisubiri mvua. Kwa hiyo kumwaga maji peke yake hakutoshi: sugua kuta za pipa kwa brashi kila wiki.

Ukipata homa kali na maumivu ya macho na viungo, kapime malaria kwanza. Kwa maumivu tumia paracetamol. Epuka aspirini, ibuprofeni na diklofenaki mpaka upimwe, maana dengue inaweza kusababisha kutoka damu na dawa hizo zinazidisha utokaji huo.

Kuanzia 2004 jiji hili liliendesha mpango wa malaria uliotegemea wakazi kukagua madimbwi ya mtaa wao na kunyunyizia viuadudu vya kibayolojia. Akija kijana mwenye fulana ya kazi na bomba mgongoni, akuoneshe kitambulisho au aje na mjumbe, kisha mfungulie geti. Nyumba moja yenye geti lililofungwa, ndani kuna bwawa la mapambo, inaweza kuzalisha mbu wa mtaa mzima.

KABLA YA MASIKA: VITU VYA KUTIA ALAMA

Fanya hivi Februari, mvua za Machi hazijaanza.

☐ Namba za simu za mtendaji, bwana afya wa kata na mhudumu wa afya wa mtaa zimeandikwa ukutani, si kwenye simu ya baba peke yake.
☐ Pakiti nne za ORS na dawa ya klorini zipo nyumbani, tarehe ya mwisho wa matumizi imeangaliwa.
☐ Karo limefunuliwa na kutazamwa. Likikaribia kujaa, linyonywe sasa, kabla vikundi havijaelemewa na wateja.
☐ Mfuniko wa chemba unabana.
☐ Mtaro wa mbele ya nyumba umezibuliwa Jumamosi ya mwisho wa mwezi, siku ya usafi, na uchafu wake umeondolewa. Ukiuacha pembeni, mvua ya kwanza inaurudisha ndani.
☐ Kadi za watoto zimekaguliwa, hasa wa miezi 18.
☐ Kero ya mwaka jana imesemwa kwenye mkutano wa mtaa, na umemwona mtendaji akiiandika kwenye muhtasari. Kama hakuandika, nyoosha mkono tena.